Mshale wa Njano na Lango la Kaya

Mwaka 1984 Elías Valiña, padri wa kijiji cha O Cebreiro kaskazini-magharibi mwa Hispania, alichukua rangi ya njano akaanza kuchora mishale kwenye mawe, miti na kuta. Njia aliyokuwa akiifufua, ile ya hija ya kwenda Santiago, ni ya tangu karne ya 9, iliposemwa kwamba kaburi la Mtume Yakobo limeonekana huko, Galicia. Mahujaji waliikanyaga kwa mamia ya miaka, kisha wakapungua hadi ikakaribia kusahaulika. Leo ni ya kila mtu. Mwaka 2023 watu zaidi ya 440,000 walipewa cheti cha kufika Santiago: huyu amekwenda kumtafuta Mungu, yule kunyoosha miguu, mwingine kumlilia marehemu wake mahali asipojulikana. Kwa anayetembea, cheti chenyewe chadai kilomita 100 tu.

Huku kwetu Kilifi, pwani ya Kenya, njia za namna hiyo zipo, ila zina tabia zake. Wamijikenda husimulia kwamba wazee wao walishuka kutoka Shungwaya, upande wa kaskazini, wakajenga kaya ndani ya misitu, kila kaya na malango yake na fingo lake, kinga ya kaya, lililozikwa ardhini. Baadaye watu walitoka kwenda kulima na kuishi nje, lakini kaya zikabaki mahali pa matambiko, pa kuombea mvua na kuzikia wazee. UNESCO iliingiza baadhi ya misitu hiyo katika urithi wa dunia mwaka 2008.

Mle hamna mshale. Nilipoingia katika kaya mojawapo, mzee aliyetutangulia alisimama langoni akavua viatu, nasi tukavua bila kuambiwa. Majani makavu yalikuwa na ubaridi chini ya nyayo, ingawa nje jua lilikuwa kali. Mwenzetu mmoja akainama kuokota kijiti. Mzee akamshika mkono taratibu: “Mwanangu, humu hakitoki kitu. Hata jani.”

Hapo ndipo nilipouelewa mshale wa Valiña. Umemwondolea mgeni haja ya mwenyeji: anayeijua rangi tu anafika, usiku au mchana, bila kubisha hodi kwa mtu. Ni ukarimu mkubwa, nami siudharau. Lakini kaya haifikiki bila mwenyewe, na kumngoja mwenyewe ni sehemu ya safari.

Nchi hii ina mwendo mmoja ambao ningependa watu wautembee. Mwaka 1913 Waingereza walimkamata Mekatilili wa Menza, mama wa Kigiriama aliyewaamsha watu dhidi ya utawala wao kwa ngoma ya kifudu, wakampeleka Kisii pamoja na Wanje wa Mwadorikola. Januari 1914 wawili hao wakatoroka, wakarudi Giriama kwa miguu, mamia ya kilomita, kwa nyika na wanyama wake. Agosti mwaka huohuo serikali ya kikoloni ikailipua Kaya Fungo, kaya kuu ya Wagiriama, kwa baruti. Malindi ina sanamu ya Mekatilili leo, na sherehe ya kumkumbuka kila mwaka. Njia aliyoitembea, nijuavyo, haina hata jiwe la alama.

Ichorwe basi, hata kwa rangi ya njano, kutoka Kisii mpaka mashamba ya Giriama. Alama ya mwisho iwekwe mbali kidogo na lango la Kaya Fungo, chini ya mti wenye kivuli, penye benchi. Msafiri aketi hapo, avue viatu, angoje mzee amwite.