Afrika Iliyojengwa Prague

Mtu wa Kisiwa Panza, kule Pemba, akiona nyumba ya makuti kwenye filamu, macho yake hupanda juu kwanza: kuti limefungwaje, boriti ni za mkoko au za mti gani, na je, fundi kajenga au kapamba tu? Kwa jicho hilo naifuata tarehe ya mafundi wa mandhari katika filamu za Kijerumani zinazotuhusu sisi.

Novemba 1884 Mjerumani Carl Peters alifika Unguja, akavuka bara kukusanya mikataba ya machifu. Tarehe 1 Julai 1890 wakubwa wakagawana. Ujerumani ikachukua kisiwa cha Heligoland, na Unguja na Pemba, pamoja na visiwa vidogo kama Panza, zikawekwa chini ya himaya ya Uingereza. Bila shaka wavuvi wetu hawakuulizwa.

Nusu karne baadaye, serikali ya Hitler ikamtaka Peters awe shujaa wa sinema. Filamu ya Carl Peters, iliyoongozwa na Herbert Selpin, ilitoka 1941, Hans Albers akiwa mhusika mkuu. Vita vilikuwa vimeshafunga njia ya kuja huku, hivyo Afrika Mashariki ikajengwa katika studio za Barrandov, mjini Prague. Watu weusi wa kujaza vijiji hivyo walitolewa miongoni mwa wafungwa wa vita wa jeshi la Ufaransa.

Ndani ya Afrika hiyo ya mbao alikuwamo mwana wa pwani hasa, Bayume Mohamed Husen, mzaliwa wa Dar es Salaam, 1904. Alikuwa mtoto tu alipoingia jeshi la Wajerumani katika Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1929 alikwenda Berlin kudai mshahara wake wa askari, asiupate. Akawa mhudumu wa meza, akafundisha Kiswahili, na tangu 1934 akaonekana katika filamu zaidi ya 20. Pale Prague hakuna aliyemzidi kuijua nchi iliyokuwa ikiigizwa. Kazi aliyopewa ni kuwa mwongoza njia wa Peters. Mwaka huohuo wa 1941 alikamatwa kwa uhusiano wake na mwanamke Mjerumani, akafia kambi ya Sachsenhausen tarehe 24 Novemba 1944.

Miaka ikapita, mengine tuyaruke. Kwa filamu ya Nirgendwo in Afrika (2001), mwongozaji Caroline Link aling'ang'ania ipigwe Kenya kwenyewe. Mandhari yalibuniwa na Susann Bieling na Uwe Szielasko, Wajerumani wote wawili, na 2003 filamu ikapata Oscar. Ardhi sasa ilikuwa ya kweli. Mbunifu bado mgeni.

Zamu iligeuka Nairobi. Mwongozaji wa Kijerumani Tom Tykwer na mwenzake Marie Steinmann walianzisha kampuni ya One Fine Day Films, wakaleta fedha na walimu kutoka Ujerumani, na vijana wa Afrika wakafanya kazi chini yao. Nairobi Half Life (2012), moja ya filamu zilizotoka humo, iliongozwa na David Tosh Gitonga, na mandhari yake yalibuniwa na Barbara Minishi, Mkenya aliyejulikana zaidi kwa kupiga picha. Vichochoro vya mji, gereji za magari ya wizi, seli ya polisi: huyu alijua mlango wa mabati unakwaruzwa wapi na ukuta unachafuka kwa urefu gani. Ndiyo filamu ya kwanza ambayo Kenya iliipeleka kuwania Oscar. Haikuteuliwa, ila watu wa Nairobi walijaa kumbini kuitazama, na hao si wepesi wa kudanganywa kuhusu mabati yao.