Mtumbwi Wenye Pembe: Nani Aliyelichunguza Ziwa Nalubaale?

Reli ya kutoka Kampala hadi Port Bell inapita Namuwongo, mtaa ninaoishi, karibu na mfereji wa Nakivubo unaomwaga maji yake katika Ghuba ya Murchison. Bandari hiyo ina jina la Hesketh Bell, gavana Mwingereza. Ghuba ina jina la Roderick Murchison, mwanajiolojia aliyeongoza Jumuiya ya Kifalme ya Jiografia mjini London na ambaye hakuwahi kuyaona maji haya. Ziwa lenyewe lilipewa jina la Malkia Victoria. Mgeni akiisoma ramani hii atadhani kwamba kabla ya Waingereza hapakuwa na msafiri humu. Katika insha hii ninadai kwamba chombo kilicholijua ziwa Nalubaale ni mtumbwi wa Ssese, ambao wenyeji waliutendea kama kiumbe hai, na kwamba mashua inayosifiwa vitabuni ilitegemea mitumbwi ya wenyeji na watu wake.

Mashua hiyo ni Lady Alice ya Henry Morton Stanley. Ilijengwa Uingereza kwa mbao za mwerezi, urefu wake futi 40, nayo iliweza kufunguliwa vipande vipande ili ibebwe. Tarehe 17 Novemba 1874 msafara uliondoka Bagamoyo, na wapagazi waliibeba mabegani hadi Kagehyi, karibu na Mwanza, walikofika mwishoni mwa Februari 1875. Tarehe 8 Machi Stanley aliishusha majini akiwa na mabaharia kumi na mmoja. Wengi wao walikuwa waungwana wa Zanzibar na pwani, wasemaji wa Kiswahili, na kiongozi wao alikuwa Wadi Safeni. Walilizunguka ziwa kwa muda wa miezi miwili hivi.

Stanley anasimulia kwamba alipokaribia Buganda alipokewa na mitumbwi ya Kabaka Mutesa I, akaambiwa kuwa mama yake Kabaka alikuwa ameota ndoto: aliona mashua ikija juu ya ziwa kama ndege furukombe, na ndani yake mzungu. Mapema Aprili akakutana na Mutesa huko Busabala, kusini mwa Kampala ya leo. Kwangu mimi ndoto hii ni ushahidi muhimu. Watu wa Buganda hawakustaajabia safari ya majini, maana walikuwa nayo. Waliitazama mashua ngeni kwa jicho la watu waliozoea kuona uhai katika vyombo.

Mtumbwi wa Ssese, ambao kwa Kiganda huitwa eryato, haukuwa gogo lililochimbwa tu. Mkuku wake ulichongwa kwa mti mmoja mrefu, kisha mbao za ubavuni zikashonwa kwa nyuzi za mimea, bila msumari hata mmoja. Anayeifahamu mitepe ya Lamu, iliyoshonwa kwa kamba za nazi, ataielewa kazi hii mara moja. Mbele, mkuku ulichomoza juu ya maji kama shingo, na kwenye ncha yake zikafungwa pembe za swala na manyoya. Mwili ulipakwa udongo mwekundu. Chombo kilichokuja kwa makafi kilikuwa na shingo, pembe na rangi ya damu.

Mapambo hayo yalikuwa na imani nyuma yake. James Frazer ameandika kwamba miongoni mwa Wasoga, majirani wa ng'ambo ya mto Nile, mtu aliyetaka kukata mti alitoa kwanza kuku na mbuzi. Baada ya pigo la kwanza la shoka aliweka mdomo penye jeraha akanyonya utomvu, ili awe ndugu wa mti ule. Ziwani nako palikuwa na mwenyewe, Mukasa, ambaye hekalu lake kuu lilikuwa katika kisiwa cha Bubembe. Mitumbwi ya Kabaka ilikuwa chini ya Gabunga, mkuu wa ukoo wa Mamba, yaani kambare-mamba. Kwa hiyo ufundi, ibada na utawala vilikutana katika chombo kimoja.

Je, mitumbwi hiyo ilijua nini? Ilijua njia ya kwenda pwani ya kusini, ambako pembe za ndovu na watumwa vilibadilishwa kwa bunduki na nguo za wafanyabiashara wa Zanzibar. Mwanahistoria Richard Reid ameonyesha jinsi Buganda ilivyotumia ziwa kujenga nguvu zake. Mwaka 1875, katika vita dhidi ya Buvuma, Stanley mwenyewe alihesabu zaidi ya mitumbwi 300 ya Mutesa. Tena, alipotaka kuwahamisha watu wake kutoka Kagehyi, Lady Alice haikutosha. Ilimbidi aombe mitumbwi kwa Lukonge, mfalme wa Ukerewe.

Msomaji anaweza kunipinga kwamba Stanley ndiye aliyethibitisha kwa ramani kuwa hili ni ziwa moja, jambo ambalo John Speke alilidai na Richard Burton akalikataa. Ni kweli, na sifa hiyo ni yake. Wala siwatakasi wenye mitumbwi, kwa sababu mateka waliosafirishwa humo hawakuchagua safari. Lakini kuchora ramani ni aina moja tu ya maarifa. Kujua upepo, miamba, bandari na wenyeji wa kila kisiwa ni maarifa pia, na Stanley aliyatumia kila siku.

Kilichovunja ufundi huu hakikuwa Lady Alice, ambayo iliachwa juu ya miamba ya mto Kongo mwaka 1877. Kwanza zilikuja meli za mvuke, kama SS William Mackinnon iliyoanza kazi ziwani mwaka 1900. Kisha malale yakaua watu zaidi ya laki mbili kandokando ya ziwa. Ili kuwaokoa na mbung'o, serikali ya Bell iliwahamisha watu kutoka ufukweni na, kufikia 1909, kutoka visiwa vya Ssese. Amri hiyo huenda iliokoa maisha mengi, lakini iliwatenga mafundi na miti yao na maji yao kwa miaka kadhaa.

Hivyo bandari ya mwisho wa reli yetu ina jina la mtu aliyewaondoa ziwani mafundi wa mitumbwi. Sipendekezi kibao cha Port Bell king'olewe kesho. Napendekeza kwamba somo la wavumbuzi linapofundishwa, mwanafunzi anayetajiwa Stanley atajiwe pia Wadi Safeni, Gabunga, Lukonge na washonaji wa Ssese.