Malkia Aliyetoka Jikoni

Mtengeneza filamu Dadasaheb Phalke alirudi Bombay, India, mwaka 1912 akiwa amenunua kamera London, lakini malkia alimtoa jasho. Picha yake, Raja Harishchandra, ilimhusu mfalme wa hadithi za kale za Kihindu aliyepoteza ufalme, mke na mtoto kwa kushika ahadi. Alitafuta mwanamke wa kuigiza mke huyo, malkia, lakini kuigiza ilikuwa aibu. Hata makahaba walimkatalia. Mwishowe akamwona Anna Salunke, mpishi wa mkahawani, kijana wa kiume mwembamba mwenye mikono laini. Akamvisha sari, malkia akapatikana.

Saraswatibai, mke wa Phalke, aliwapikia waigizaji wote, kisha akamsaidia mumewe kutoboa matundu ya pembeni mwa filamu. Picha ikaonyeshwa rasmi tarehe 3 Mei 1913 katika ukumbi wa Coronation. Ilikuwa bubu, na hapo ndipo ninapoiona akili ya Phalke. India ina lugha chungu nzima, na watazamaji wengi hawakujua kusoma maneno yaliyotokea kwenye pazia. Lakini nani hakuijua hadithi? Walishaisikia kwa bibi zao.

Mwaka huohuo, katika picha yake Mohini Bhasmasur, wakatokea wanawake wenyewe: Durgabai Kamat na binti yake Kamlabai. Salunke hakukosa kazi, maana katika Lanka Dahan ya 1917 aliigiza Rama na Sita pia, mume na mke, yeye peke yake!

Kwangu mimi, kilele cha filamu za hadithi hizi za kale ni Mayabazar ya K. V. Reddy, iliyotoka mwaka 1957 kwa Kitelugu na Kitamil. Kisa chake hakimo katika utenzi wa kale wa Mahabharata wa Kisanskriti. Wahusika ndio wa humo. Jitu Ghatotkacha anajigeuza bibi harusi ili kuvuruga ndoa. Savitri, mwigizaji wa kike, anaonyesha dume lililojificha ndani ya mwanamwali: anatembea kwa vishindo, akishtuka analegeza macho, na bwana harusi anakanyagwa mguu mbele ya wageni.

Humo Krishna ni N. T. Rama Rao, na watazamaji wengi hawakumtenganisha tena na mungu huyo. Machi 1982 alianzisha chama cha siasa, akazunguka jimbo la Andhra Pradesh kwa gari akihutubia. Januari 1983 aliapishwa kuwa kiongozi wa serikali ya jimbo hilo.