Kanuni Zikiteguka

Ndugu wawili wa Kisovieti, Arkady na Boris Strugatsky, walipotoa mwaka 1972 riwaya yao ambayo jina lake ningelifasiri *Mandari Kando ya Njia*, mahali pale pa ajabu walipaita Zona, basi. Andrei Tarkovsky naye akabaki na jina hilohilo katika filamu yake *Stalker* ya 1979. Ni mahali ambapo uzito hauna adabu, na njia uliyoingilia si lazima iwe ya kutokea. Sisi tupaiteje?

Mvivu atasema Zoni. Lakini zoni tunazo tele, za ushuru, za mauzo, za maegesho ya magari, na hakuna hata moja inayomtisha mtu.

Ukanda una hoja nzito kuliko unavyodhaniwa. Zona ilitoka katika neno la Kigiriki lenye maana ya mshipi wa kiunoni, na ukanda wetu nao ni huohuo wa kufungia kiuno. Kwa nasaba, hakuna tafsiri iliyo sahihi zaidi. Kwa ladha, imekufa: ukanda ni wa mvua, wa pwani, wa taarifa ya habari. Warusi walau wana faida moja, kwa kuwa katika lugha yao ya mitaani zona ni kambi ya wafungwa, na msomaji wao hulisikia geti likifungwa kabla hajafungua ukurasa wa pili.

Eneo ndilo baya zaidi. Limetokana na kuenea, nalo hudai kupimwa, kuwekewa bikoni na kuandikiwa hati. Mahali pasipopimika hapawezi kuitwa eneo.

Tuna majina ya kale, tena matamu. Kuzimu ina ile *ku-* ya mahali pasipo mipaka, na ndani yake wamo mizimu. Ujinini ina majini, na jini mwenyewe ametoka katika mzizi wa Kiarabu wa kusitirika, uliotupa pia majinuni, mtu ambaye akili yake imefunikwa. Halafu kuna Giningi, makao ya wachawi yanayotajwa sana Visiwani, ambayo Muhammed Said Abdulla aliyaweka hadi kwenye jalada mwaka 1968 alipoandika *Kisima cha Giningi*. Neno hili nalipenda hata kwa mlio wake. Ila majina yote matatu hujibu swali moja: nani anakaa huko? Zona haina wenyeji. Katika riwaya, wageni kutoka anga za mbali walipita, wakaacha takataka, wakaondoka.

Euphrase Kezilahabi alitukaribisha penyewe mwaka 1991 kwa *Mzingile*. Hata hivyo mzingile, pamoja na vizungu vyake vyote, una aliyeujenga na una mlango wa kutokea, ukiutafuta kwa subira.

Labda tumeanzia pasipo. Tuliache jina la mahali kwanza, tuulize kitenzi: kanuni za maumbile zinafanya nini kule? Wengi wataandika kwamba zinavunjika. Nakataa. Sheria huvunjwa na mtu, na mvunjaji hutafutwa. Wengine watasema zinatenguliwa, lakini kutengua kuna mamlaka nyuma yake: anayetengua uteuzi ndiye aliyeteua. Mazingaombwe na kiinimacho navyo havifai, japo wahakiki wameyakubali mazingaombwe katika istilahi zao za fasihi. Penye mazingaombwe pana fundi, na kosa ni la jicho. Kule Zona jicho linaona sawasawa.

Kitenzi ninachokitaka ni kuteguka. Mguu ulioteguka haukuvunjika. Mfupa ni mzima, nyama ni nzima, ila kiungo kimehama mahali pake, na kila hatua sasa ni ya kubahatisha. Hivyo ndivyo zilivyo kanuni za Zona: zipo, zinafanya kazi, lakini hazikukaa zilipozoea kukaa.

Basi mahali penyewe tupaite Kuteguka. Shaaban Robert alishatufungulia njia mwaka 1951 kwa *Kusadikika*: kitenzi kilichogeuka nchi, na hakuna aliyelalamika. Sarufi nayo inatubeba, maana *ku-* ya kitenzi-jina na *ku-* ya mahali huchukua upatanisho uleule. Ukisema “Kuteguka kumemmeza,” msomaji hatajua kama ni nchi iliyommeza au ni tendo. Asijue.

Jina hilo linazaa. Yule anayeingia Zona kwa magendo ndugu hawa walimwita *stalker*, neno ambalo Boris alisimulia kwamba walilidokoa kwa Kipling, katika *Stalky & Co.* Wangapi wetu wangeandika mnyemeleaji, au mvizia! Anavizia nini, na hakuna windo? Mtazameni anavyotembea: anarusha nati mbele yake, anaangalia inavyoanguka, ndipo anapiga hatua. Huyo anategua mtego. Kiswahili hutegua mitego, mabomu na vitendawili kwa kitenzi kimoja, na zote tatu ndizo kazi zake. Ni mteguzi.

Vilivyomo humo vina majina mawili mawili, la wateguzi na la wanasayansi, na la wateguzi hushinda daima. Gesi ya koloidi ni rojo la mchawi. Penye uzito uliorundikana pa kumbamiza mtu chini panaitwa kipara cha mbu, na nawasihi msipaongezee maelezo.

Kilichonikalisha kitako ni *pustyshka*: visahani viwili vya shaba, katikati hakuna kitu, lakini huwezi kuvikutanisha wala kuvitenganisha. Wanasayansi wanakiita kitu namba 77-B. Mzizi wa neno ni utupu, kwa hiyo kitupu kingetosha. Lakini kwa Kirusi *pustyshka* pia ni ile chuchu ya plastiki anayopewa mtoto anyamaze, isiyotoa hata tone la maziwa. Na hapo sioni sababu ya kutafuta mbali, wakati danganyatoto tunalo.