Amotizesheni: Deni Linapungua Lini?

Mikataba ya mikopo ya nyumba, Dar es Salaam kama ilivyo Nairobi, kwa kawaida huandikwa kwa Kiingereza. Ndani yake mna neno ambalo afisa mikopo hulipita haraka, na mteja akiuliza huambiwa kuwa ni "kulipa kidogo kidogo": amotizesheni. Wanaojitahidi zaidi huandika "ulipaji wa deni kwa awamu". Tafsiri hizo hazina kosa la sarufi. Kasoro yake ni kwamba zinaeleza anachofanya mkopaji, yaani kutoa fedha kila mwezi, na kunyamaza kuhusu kinacholipata deni. Mtu anaweza kulipa kidogo kidogo kwa miaka kadhaa na deni likabaki karibu pale pale lilipoanzia. Kwa riba za kwetu, ndivyo linavyokuwa hasa.

Waingereza walilitoa neno hilo kwa Wafaransa, na kiini chake ni kuua: deni linauawa polepole. Hata neno lao la rehani ya nyumba, mogeji, lina mauti ndani yake. Mwanasheria Edward Coke, akiandika mwaka 1628, alieleza kuwa mdaiwa asipolipa ardhi inamfia yeye, na akilipa inamfia mdai. Hatuna haja ya kuubeba msiba huo kuuleta kwenye Kiswahili. Lakini jambo moja walilipata: katika neno lao, kinachotendwa ni deni. Kwa sababu hiyo napendekeza tuseme "upunguzaji wa deni", na ile karatasi inayoambatana nao tuiite "jedwali la upunguzaji wa deni". Anayesikia neno hilo atauliza swali linalofuata bila kufundishwa: linapungua kwa kiasi gani, na lini?

Tulijibu kwa hesabu. Mfanyakazi amekopa shilingi 100,000,000 kununua nyumba, kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, kwa miaka 20, marejesho ya kila mwezi yasiyobadilika. Sikuchagua riba hiyo ili kumtisha mtu. Taarifa za Benki Kuu ya Tanzania kuhusu soko la mikopo ya nyumba zimekuwa zikitaja viwango vya kati ya asilimia 15 na 19, navyo ni nafuu ukivilinganisha na 22 hadi 24 vya mwaka 2010.

Rejesho lake ni shilingi 1,391,256 kila mwezi. Katika rejesho la kwanza, shilingi 1,333,333 ni riba. Zinazokwenda kupunguza deni la msingi, yaani zile fedha alizochukua na bado hajazirudisha, ni shilingi 57,923. Mwezi wa pili deni ni dogo kidogo, kwa hiyo riba nayo ni ndogo kidogo, na fungu la deni la msingi linaongezeka kwa shilingi 772. Mwaka wa kwanza ukiisha amepeleka benki shilingi milioni 16.7, na deni limepungua kwa chini ya shilingi 750,000.

Mwaka wa kumi ndio unaowachanganya watu. Mkopo wa miaka 20 umefika katikati, na mkopaji ambaye hajawahi kuona jedwali hudhani deni nalo limefika katikati. Amekwisha kulipa karibu shilingi milioni 167. Salio la deni lake ni shilingi milioni 83. Deni halifiki nusu mpaka mwaka wa 16 unapoelekea ukingoni, na ni katika mwaka huohuo ambapo, kwa mara ya kwanza, fungu la deni la msingi katika rejesho linalipita fungu la riba. Baada ya hapo deni linashuka kwa kasi. Mwisho wa yote atakuwa ametoa shilingi milioni 333.9 kwa nyumba aliyoikopea milioni 100.

Hakuna wizi katika hesabu hii. Riba inatozwa kila mwezi kwa salio lililopo, wala si zaidi, na kama salio ni kubwa riba ni kubwa. Lakini mtu anayepata uhamisho mwaka wa tano na kutaka kuiuza nyumba, au anayepunguzwa kazini mwaka wa nane, hukutana na salio hilo ana kwa ana, na mara nyingi huamini kwamba benki imemchezea. Haikumchezea. Iliyomponza ni ile tafsiri ya "kidogo kidogo".

Pwani yetu inaujua mkopo wa rehani tangu zamani, tena kwa jina hilohilo. Katika fikihi ya Kiislamu rehani ni mali inayokabidhiwa mdai aishike mpaka alipwe; Sura ya Al-Baqara inazitaja rehani za kukabidhiwa. Benki ya leo hufanya vingine: inakuachia nyumba ukae, inashika hati tu. Katikati ya hizo mbili, Zanzibar ya karne ya 19 ilikuwa na bei ya khiyari. Mwenye shamba la mikarafuu aliyehitaji fedha alimwuzia mfanyabiashara shamba lake, kwa sharti kwamba ana hiari ya kulikomboa kwa bei ileile. Kisha alibaki shambani akilipa kodi kwa mnunuzi. Kwa jina ilikuwa biashara, kwa kuwa riba ni haramu. Kwa vitendo ilikuwa rehani, na kodi ilikuwa riba iliyobadilishwa nguo.

Kilichowaumiza wenye mashamba ni kwamba kodi hiyo haikupunguza kitu. Mwenye shamba angeweza kuilipa miaka 15, na bei ya kukombolea shamba ikabaki ileile ya siku ya kwanza, ikilipwa yote kwa mkupuo. Kufikia miaka ya 1930 mashamba mengi ya Unguja na Pemba yalikuwa yamezama katika madeni, na mwaka 1934 serikali ya Waingereza ikatunga sheria ya kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isiendelee kwenda kwa wadai. Sheria ile ilikuwa na siasa zake za ukoloni na ubaguzi, nazo ni habari nyingine. Linalotuhusu hapa ni tofauti ya mikataba hii miwili. Bei ya khiyari ni mkopo usio na upunguzaji wa deni. Mkopo wa benki unao, ila katika miaka ya mwanzo upunguzaji wenyewe ni mdogo kiasi kwamba mkopaji wetu wa milioni 100 anakaribia kuishi kama mwenye shamba yule: analipa kodi ya fedha. Benki za Kiislamu za sasa zina mkataba uitwao musharaka inayopungua, ambamo benki na mteja wanaimiliki nyumba kwa ubia, na mteja ananunua hisa za benki hatua kwa hatua. Jina hilo limeweka kupungua mahali panapostahili.

Kuna istilahi nyingine ya SACCOS na benki inayohitaji kutazamwa upya: "riba inayopungua". Mkopaji akiisikia anadhani asilimia 16 itakuwa 15, kisha 14. Asilimia haishuki hata kidogo. Zinazoshuka ni shilingi za riba, kwa kuwa salio limeshuka. Ingekuwa sahihi zaidi kusema "riba kwa salio linalopungua". Kinyume chake ni riba inayotozwa kwa mkopo wote wa mwanzo mpaka siku ya mwisho, kana kwamba hujalipa chochote. Ukikopa 1,200,000 kwa mwaka mmoja kwa asilimia 12 ya namna hiyo, utapeleka shilingi 112,000 kila mwezi. Inaonekana nafuu kuliko asilimia 16. Ukiigeuza iwe riba kwa salio linalopungua, ni takriban asilimia 21.5. Ile mikopo ambayo mtaani huitwa kausha damu hustawi humo, katika asilimia ndogo iliyotajwa kwa mwezi na kukokotolewa kwa deni lisilokuwepo tena.

Sasa muda. Huu ndio upande ambao jedwali linaonyesha mengi kuliko riba, na watu huuzungumza kidogo sana. Mkopo uleule wa milioni 100 kwa asilimia 16, ukifupishwa uwe wa miaka 15, rejesho linapanda hadi 1,468,701. Ni nyongeza ya shilingi 77,445 kwa mwezi. Jumla ya malipo inashuka hadi milioni 264.4, pungufu ya milioni 69.5. Ukirefushwa uwe wa miaka 25, ambayo baadhi ya benki sasa huitoa kama upendeleo kwa mteja, rejesho linashuka hadi 1,358,889. Mkopaji amepata nafuu ya shilingi 32,367 kila mwezi, na jumla imepanda hadi milioni 407.7. Kwa maneno mengine, ameununua unafuu huo kwa shilingi milioni 73.8. Nafikiri tangazo lolote la "marejesho nafuu" lingepaswa kuandika namba hizo mbili pamoja, kwa herufi za ukubwa uleule.

Riba nayo ina nguvu yake, wala sitaki kuidharau. Kenya ilianzisha kampuni ya KMRC mwaka 2018, inayoyakopesha mabenki na SACCO fedha za bei nafuu ili mkopaji wa kipato cha kawaida apate mogeji kwa riba isiyofika asilimia 10. Tanzania ilikuwa na kampuni kama hiyo, TMRC, tangu 2010, baada ya miaka mingi ya ukame ulioachwa na kuanguka kwa Benki ya Nyumba mwaka 1995. Chukua milioni 100 zetu kwa asilimia 9: rejesho ni 899,726, jumla ya miaka 20 ni milioni 215.9, na rejesho la kwanza linapunguza deni kwa shilingi 149,726. Hata hivyo, baada ya miaka kumi bado zimebaki milioni 71. Umbo la jedwali ni lilelile, limelainika tu.

Mtu makini atanikatiza hapa: shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo, basi milioni 333.9 ni namba ya kutishia watu. Ana haki. Tukichukulia mfumuko wa bei wa asilimia 3 kwa mwaka, rejesho la mwisho lina thamani ya kama shilingi 770,000 za leo, na marejesho yote kwa pamoja yana thamani ya karibu milioni 252. Kama mshahara unapanda pamoja na bei, mzigo unazidi kuwa mwepesi kila mwaka. Hapo ndipo rejesho lisilobadilika linapomsaidia mkopaji. Ila mikataba mingi huipa benki haki ya kubadilisha riba, na shilingi inapoporomoka riba huwa haikai kimya. Kwa hiyo unafuu huo usihesabiwe kama umekwisha kuwa mkononi.

Nje ya jedwali kuna gharama ambazo hazionekani katika asilimia yoyote: ada ya kuandaa mkopo, tathmini ya nyumba, wakili, ushuru wa stempu, ada ya kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba yenyewe, ambazo mara nyingi zinakwenda na mkopo mpaka mwisho. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinazitaka benki zimweleze mteja gharama zake kabla hajasaini. Jina zuri la jumla hiyo ni "gharama kamili ya mkopo", na inafaa itajwe kwa shilingi.

Tukirudi kwenye jedwali, lina faida moja ambayo maneno "kulipa kwa awamu" hayawezi kuidokeza. Kama mkopaji wetu, mara tu baada ya kupewa mkopo, akipata shilingi 1,000,000 za ziada na kuzielekeza zote kwenye deni la msingi, bila kupunguza rejesho lake, mkopo utaisha zaidi ya miezi 15 mapema. Ataokoa karibu shilingi milioni 20.8. Milioni hiyohiyo akiipeleka baada ya miaka kumi, itamfupishia miezi mitatu na nusu tu na kumwokolea kama milioni 3.8. Kiinua mgongo kinachosubiriwa kuja kumaliza deni mwaka wa 18 kinakuta riba karibu yote imekwisha kulipwa.

Lakini fedha ya ziada haijipeleki yenyewe mahali pake. Baadhi ya mikataba hutoza adhabu kwa anayelipa mapema, na kifungu hicho kisomwe kabla ya kusaini. Pengine, benki ikipokea milioni ya ziada bila maelekezo, huiweka kando kama marejesho ya miezi ijayo, na deni la msingi halitikisiki. Mteja na aandike barua, abaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa, aseme mambo matatu: fedha hizi zipunguze deni la msingi, rejesho libaki lilelile, muda ufupishwe. Kisha aombe jedwali jipya lenye safu zote tano: tarehe, rejesho, riba, deni la msingi, salio.