Runinga, betri na chinsoni

Wiki hii programu yangu imenikatalia kabisa, kwa hiyo leo naiacha kando niwasimulie historia kidogo.

Kenya ilipata runinga mwaka 1962. Kwetu Nyamira, upande wa Manga, hata miaka ya 1990 runinga moja ilikuwa ya kijiji kizima. Ya baba mdogo ilikuwa ya inchi 14, nyeusi na nyeupe, na ilitumia betri ya gari ya volti 12. Betri ikiisha tuliipeleka sokoni kwa wilibaro, ikalala huko ikichajiwa. Antena ilifungwa juu ya mkaratusi, maana mawimbi ya runinga hupenda kwenda moja kwa moja, na sisi tumezungukwa na vilima. Mmoja alizungusha mlingoti nje, mwingine akapiga kelele ndani: "Hapo hapo! Usiguse tena!" Ndiyo mara yangu ya kwanza kutafuta hitilafu kwenye mfumo.

Taarifa ya habari na Vitimbi havikuwa na taabu. Taabu ilikuwa tamthilia za Meksiko. Abagusii tuna chinsoni, kanuni za heshima na haya baina ya vizazi. Robert na Barbara LeVine, waliofanya utafiti hapa Gusii miaka ya 1950, waliziandika: mambo ya chumbani hayatajwi mbele ya mzazi, na mkwe na mkazamwana huwekeana mipaka. Sasa hebu fikiria baba mkwe, mwanawe na mkazamwana sebule moja, na kwenye kioo watu wanabusiana!

Baba mdogo alikohoa, akatoka "kuangalia ng'ombe". Ng'ombe yule aliangaliwa sana mwaka ule. Rimoti haikuwepo, kwa hiyo mimi niliyekaa karibu na kitufe ndiye nilikuwa kichujio. Nikichelewa, macho yote kwangu. Mkazamwana naye aliacha kabisa kuingia jioni, akawa anasimuliwa hadithi kesho yake mtoni. Hilo sikulifikiria hata kidogo wakati ule.

Si sisi tu tulioleta desturi zetu mbele ya kioo. India, mfululizo wa Ramayan uliporushwa mwaka 1987 na 1988, watu walioga kwanza, wakaivisha runinga mashada ya maua. Mtambo ule ule, adabu nyingine.

Mwaka 2015 analojia ilizimwa. Runinga ya betri ikahitaji king'amuzi, nacho kinakula umeme wake, na hesabu ya wilibaro ikakataa. Baadaye zikaja simu, kila mtu na kioo chake mkononi.

Nilikuwa huko Desemba. Mkazamwana, ambaye sasa ni nyanya, alikuwa jikoni akitazama tamthilia yake kwenye simu. Runinga ya zamani ipo sebuleni, imefunikwa kitambaa cha kufuma. Baba mdogo alikuwa amekaa mbele yake peke yake, akisikiliza redio.