Dini ya R'hllor

Dini ya R'hllor ni dini ya kubuniwa katika riwaya za A Song of Ice and Fire za Mmarekani George R. R. Martin, zilizoanza kuchapishwa mwaka 1996. Waumini humwabudu R'hllor, Bwana wa Nuru, anayepambana na mungu wa giza na baridi asiyetajwa jina. Makuhani huvaa mavazi mekundu, huwasha mioto jua linapotua wakiomba kuche salama, na husoma bishara katika ndimi za moto. Baadhi huteketeza watu kama kafara. Kuhani Thoros wa Myr humfufua shujaa Beric Dondarrion mara 6. Kuhani Melisandre, mshauri wa Stannis Baratheon anayedai kiti cha ufalme, aliigizwa na Carice van Houten katika Game of Thrones (2011–2019), tamthilia ya televisheni iliyotokana na riwaya hizo.